Nyota Iliyopepesa Upande wa Kakuma

Juzijuzi stima ilipotea mtaani kwetu hapa Lodwar, na jirani yangu, mwalimu mstaafu mwenye heshima zake, akawasha jenereta. Moshi wa dizeli ukaingia dirishani kwangu. Nilitoka na leso kifuani, miguu mitupu, nikalipiga lile jenereta teke moja mpaka likapinduka na kuzima. Mwalimu alisimama na tochi yake akaniuliza, "Mama, kwema?" Nikarudi ndani nikichechemea, watoto wake wakinitazama. Kidole gumba kilivimba wiki nzima. Nimemwomba msamaha na amekubali, ingawa sasa akiniona mbele yake anavuka barabara. Sawa tu. Mimi dizeli hunifanya hivyo, na nyinyi wa rika langu mliokulia upande huu mtanielewa nikiwaeleza kwa nini.

Nilikuwa na miaka tisa, au kumi. Kwetu hakuna aliyeandika. Boma letu lilikuwa kusini mwa Kakuma, mwendo wa nusu siku ukiwa na mbuzi, nyumba nne ndani ya ua mmoja wa miiba: yetu na za baba zangu wadogo. Nyumbani kwetu tulikuwa wanne, baba, mama, kaka yangu Ekai na mimi. Wengine waliozaliwa katikati yetu walikufa kabla ya kuota meno, kwa hiyo kati ya Ekai na mimi kulikuwa na pengo refu. Yeye alikuwa kijana wa kubeba bunduki, na mimi nilikuwa wa kuchunga wana-mbuzi na kupigwa.

Kila jioni jua likishazama, upande wa Kakuma, chini kabisa pale ardhi inapokutana na mbingu, ilitoka nyota nyekundu. Ilifumbua jicho, ikafumba, ikafumbua, ikafumba. Haikuwahi kuharakisha wala kuchelewa. Nyota nyingine zilitembea usiku kucha zikaenda kutua, hii haikwenda popote. Mawingu yakifunika zote, yenyewe ilibaki ikipepesa. Niliona hiyo ni nguvu yake. Mtoto mwenye akili angejiuliza, nyota gani hii inayokaa chini ya mawingu? Lakini mimi sikuwa mtoto mwenye akili, nilikuwa mtoto mwenye maneno mengi.

Niliwaambia watoto wa bomani kwamba kule kuna watu warefu, wekundu, na wote wana moyo mmoja, ndio huo tunaouona ukipiga. Moyo ukipiga wanatembea, wanakamua, wanagombana kama sisi. Ukitulia wanasimama hapohapo walipo, hata kama mguu uko hewani, mpaka upige tena. Binamu yangu mmoja alisema huo ni uongo. Nikamrarua shavu kwa kucha. Hivyo ndivyo elimu ya nyota ilivyoenea katika boma letu, na baada ya hapo hakuna aliyebisha tena.

Ekai ndiye aliyenifundisha kuhesabu. Alikuwa ameonja shule miaka miwili kabla baba hajamrudisha kwa ngamia, na kitu pekee alichotoka nacho huko ni kufika mia. Alinikalisha juu ya kichuguu nje ya ua, akanipa kokoto, akasema, "Ikoku, kila ikipepesa mia, weka moja." Ikoku maana yake mtoto; sikumbuki kama aliwahi kuniita jina langu. Basi nikashikwa na wazimu wa kupima. Kukamua mbuzi mmoja, mapigo sabini. Mama kwenda kuchota maji kwenye shimo la mtoni na kurudi, kokoto nne na nusu. Wazee wa kale wanaosifiwa kwa kugundua miezi na majira hawakuringa kama nilivyoringa mimi.

Usiku mmoja baba alimpiga mama kwa sababu ya ngamia aliyepotea. Baba yangu alikuwa mtu wa fimbo. Alipiga mke, alipiga watoto, alipiga punda, alipiga hata jiwe lililomkwaza. Nilikaa juu ya kichuguu changu nikahesabu. Sikuhesabu fimbo, kwa maana fimbo zilinitia hofu, nilihesabu nyota. Ilifika mia moja na arobaini. Asubuhi nikamwambia mama, "Ya jana ilikuwa ndefu kuliko ile ya siku ya kisima." Akanizaba kofi. Halafu akanikumbatia, halafu akanizaba lingine. Sikumlaumu. Nadhani hakupenda kujua kwamba kuna mtu anapima.

Kisha mvua zikaanza, na mawingu yake, na habari mbaya kutoka upande wa Namoruputh. Boma zima la watu tuliowajua lilikuwa limemalizwa alfajiri, mifugo ikachukuliwa, hata mzee aliyekuwa mgonjwa akachomwa mkuki juu ya ngozi aliyolalia. Ng'imoe, ndivyo watu walivyosema, maadui, na neno hilo tulilitumia kwa kila mtu asiye sisi. Baba aliwaita wote nje. Kati yetu na njia yao kulikuwa na kilima cha mawe chenye mwanya mmoja katikati, na hakuna mahali pengine pa kupitishia mifugo. Alisema kila usiku lazima mtu mwenye bunduki akae juu ya mwanya ule. Bunduki yenyewe ilikuwa moja. Ingeshikwa na Ekai tangu giza kuingia hadi katikati ya usiku, kisha ateremke, ampe binamu yetu Lomuria, naye apande alinde hadi jua litoke. Adui huja alfajiri, baba alisema, kwa hiyo kupokezana kufanyike mapema, gizani kabisa, na alfajiri imkute mtu tayari yuko juu.

"Na atakayelala kwenye lindo," akamalizia, "au atakayefanya upuuzi wowote tukaingiliwa, nitamuua kwa mkono wangu huu. Hata akiwa ametoka kiunoni mwangu. Mmesikia wote? Nyinyi ni mashahidi."

Tulisikia. Baba hakuwa mtu wa kutishia bure.

Usiku wa tatu tu, Ekai na Lomuria walitaka kuuana wenyewe. Mwezi na nyota vilikuwa vimefunikwa, na kila mmoja alisema mwenzake anamwibia usingizi. Lomuria alikuwa amevaa kile kisu cha duara kinachokaa mkononi kama bangili. Akakivua ala yake, akamkata Ekai kuanzia bega hadi kiwiko. Ekai akamkanyaga mbavu mpaka tukasikia zikilia. Baba aliwatenganisha kwa kuwapiga wote wawili, akapumua, akasema, "Adui atapata kazi gani hapa, kama mtammalizia wenyewe?" Ndipo Ekai, damu ikimtiririka kwenye vidole, akanionyesha kwa kidevu. "Kuna huyu mtoto na nyota yake. Yake haifichwi na mawingu."

Jamani, nilivyofurahi! Baba alinijaribu siku mbili ambazo mbingu ilikuwa wazi, akalinganisha hesabu yangu na nyota zake za wazee, ikalingana. Akachagua kibuyu, akasema kikijaa kokoto, nusu ya usiku imetimia. Nilipewa debe tupu la mafuta ya msaada, lile la bati ambalo mama alilipata katika kambi ya wakimbizi Kakuma kwa kubadilisha na kuni. Kibuyu kikijaa ningelipiga debe mara tatu, Ekai angelisikia kule juu, angeteremka. Bila debe asingeondoka. Walikula kiapo cha hilo, yeye na Lomuria, kwa sababu ya ugomvi ule. Mimi nililala mchana kama bibi kizee, na jioni watu wazima walinipisha nipite. Hakuna aliyeuliza nyota ile ni kitu gani. Kitu kikifanya kazi, nani huuliza?

Baba alisafiri hadi Kalemng'orok, kwa ndugu zake, kutafuta bunduki ya pili. Usiku wa pili wa safari yake mawingu yalikuwa mazito kama ngozi mbichi. Nilihesabu vizuri kuliko siku zote, haki ya Mungu. Kibuyu kilikuwa karibu kujaa, nilikuwa nimebakiza kokoto tatu tu kiganjani, nyota ikafumba jicho na haikufumbua tena.

Nilingoja. Nilidhani nimepepesa mimi. Nikafikicha macho, nikangoja. Nje kulikuwa kimya, na giza la kukata kwa kisu. Sasa sikilizeni ujinga wangu, maana nimeubeba zaidi ya miaka thelathini na sijapata mtu wa kunisaidia kuubeba. Sikuogopa. Sikumwamsha mtu. Niliona jambo liko wazi kabisa: nyota imesimama, basi wakati umesimama. Watu wekundu wamesimama mguu hewani. Na adui naye, popote alipo, amesimama mguu hewani. Hakuna kitakachotokea mpaka ipige tena. Mbuzi mmoja alikohoa zizini, nikashangaa ameweza vipi. Nilikaa na kokoto zangu tatu, nimetulia, moyo umeshiba, na niliona ule ulikuwa usiku mzuri kuliko yote ya maisha yangu.

Kokoto tatu, jamani. Muda wa kukamua mbuzi wanne. Ningeweza kuzitupa ndani kwa kukisia tu, nikapiga debe, Ekai akashuka gizani, Lomuria akapanda, na pengine leo nisingekuwa naandika haya.

Nyota ilirudi. Sijui ilikuwa baada ya muda gani, kwa kuwa sikuwa na cha kupimia. Nilihesabu mia tatu zangu kwa uaminifu wote, nikaziweka kokoto moja baada ya nyingine, nikapiga debe. Ekai akashuka. Alipofika penye ua nilishangaa kuuona uso wake. Siku zote alikuwa akija gizani, nikimjua kwa sauti tu. Macho yalikuwa mekundu, midomo imekauka kwa upepo.

"Ikoku," akasema, "leo umenipa usiku mrefu."

Hakuwa amekasirika. Alikuwa amekaa kule juu usiku kucha bila kusinzia, peke yake, akisubiri debe. Akampa Lomuria bunduki. Lomuria akapiga miayo, akaanza kuelekea kilimani, na nyuma yake mbingu ilikuwa imeshakuwa nyeupe.

Alikuwa hajafika nusu ya njia walipomuua. Walikuwa wamejificha nyuma ya kilima, naamini, wakingoja mwenye bunduki ateremke, wakaingia mwanya ulipokuwa wazi. Nilisikia milio kama ya miti mikavu ikivunjwa, nikamwona Lomuria ameketi chini, kisha amelala. Ua wa miiba ukavutwa kwa kamba mahali pawili. Mke wa baba mdogo alitoka nje na mtoto mgongoni, akapigwa kitako cha bunduki usoni akarudi ndani kwa kutambaa. Mbuzi walikanyagana, wadogo wakapasuka chini ya ngamia. Vumbi, damu, maziwa yaliyomwagika, na sauti ya mama ikiniita kutoka mahali nisipopaona.

Ekai alinishika nywele, akanisukuma nyuma ya kichuguu. Akasimama katika mlango wa ua na fimbo, fimbo tupu, mikono yake mirefu imetanuliwa. Mtu aliyempiga risasi alikuwa kijana kama yeye, meno ya chini yameng'olewa kama yetu, amevaa fulana ya mpira ya mtoto wa shule. Walitazamana kidogo. Nilikuwa karibu kiasi cha kuona kijana yule anameza mate kabla ya kufyatua. Risasi ilimwingia Ekai tumboni. Hakuanguka mara moja, alimfuata yule kijana hatua mbili akampiga fimbo ya shingo, ndipo akapiga magoti. Wakachukua kila chenye miguu minne isipokuwa punda mmoja aliyekuwa kilema.

Punda huyo ndiye aliyempeleka Ekai Kakuma. Mama alimfunga tumbo kwa leso mbili, akatembea akimshikilia mgongoni, na mimi nilivuta kamba mbele. Mama hakuniuliza kitu njiani, alinitazama tu. Mtu akinitazama namna ile leo, ningejua anataka kuuliza nini.

Kakuma tulifika mchana, kwenye kituo kimoja cha watu wa msaada chenye ua wa senyenge. Wakamfunga bandeji, wakasema hapa hatuna la kumfanyia, aende Lodwar, lori litaondoka jioni. Tukangoja ndani ya ua. Jua likazama. Nyuma ya kibanda cha mabati kitu kikakohoa, kikanguruma, ardhi ikatetemeka chini ya makalio yangu. Nikainua kichwa. Juu yangu kulikuwa na mlingoti mrefu wa chuma, na kwenye ncha yake nyota yangu ilikuwa ikipepesa.

Mwanamume mmoja alitoka kibandani akijifuta mikono. Aliitwa Marko, mkimbizi kutoka Sudan Kusini, mrefu, mistari ya jando kwenye paji la uso, msalaba wa mbao shingoni. Kazi yake ilikuwa jenereta. Nilimshika suruali nikamwuliza kwa Kiswahili changu cha kuokoteza, hicho kitu ni nini.

"Hii? Hii taa tu," akasema. "Ya ndege. Naambia ndege, hapa iko chuma, usigonge."

"Jana ilikufa."

"Aa, jana. Jana dizeli iliisha. Lori ilikawia kwa njia. Ilikuja karibu asubuhi, mimi naamka, natia, nawasha." Akatabasamu, maana alidhani ninampongeza kwa kazi. "Wewe unaona kutoka wapi?"

Niliokota jiwe nikairushia taa ile. Halikufika. Nikaokota lingine, na lingine, nikipiga kelele ambazo mpaka leo sijui zilikuwa maneno gani. Marko alinishika kwa nyuma, nikamng'ata mkono pale chini ya kidole gumba mpaka meno yakakutana. Hakunipiga. Nilitaka anipige, na yeye alisema tu "malesh, malesh," pole, pole, damu yake ikinidondokea kifuani, na mkono wote ukinuka dizeli.

Lori lilibeba mapipa matupu ya dizeli kurudi Lodwar, na Ekai alilazwa katikati yake. Safari nzima nilikaa kichwani pake. Kulipokuwa giza na mama amesinzia nilimwambia yote: kokoto tatu, nyota kufumba, jinsi nilivyongoja, na kwamba haikuwa nyota.  Kisha tumbo lake lililofungwa likaanza kutikisika, nikadhani anakufa, kumbe anacheka.

"Taa?" akasema. "Taa ya ndege?" Akacheka mpaka akalia kwa maumivu. Halafu akanishika kifundo cha mkono. "Umemwambia nani?"

"Wewe tu."

"Usimwambie mtu. Baba atakuua. Unajua kwamba atakuua?"

Nilijua. Alikuwa amesema mbele ya mashahidi, na Lomuria alikuwa amekufa, na baba mdogo, babake Lomuria, angedai neno lile litimizwe. Hilo ndilo lililokuwa limenikaa kooni tangu Kakuma: kaka yangu anakufa kwa kosa langu, na mimi ninaogopa ngozi yangu.

Hospitali walimpasua, wakamshona, wakasema tuombe. Siku ya kwanza alikunywa uji. Siku ya pili tumbo likavimba likawa gumu, akaanza kuongea na ngamia. Siku ya tatu asubuhi akili ilimrudi, na baba akafika kutoka Kalemng'orok, vumbi hadi kwenye kope, bila bunduki ya pili. Habari ilikuwa imemfikia njiani, na baba mdogo alikuwa ameshafika Lodwar kabla yake. Wawili wakaingia wodini pamoja. Hawakusalimu. Hakuna aliyesema ejok kwa mtu.

"Debe lilipigwa lini?" baba akauliza. Hakumtazama Ekai alipouliza. Alinitazama mimi.

Mdomo wangu ulifunguka. Sijui ungetoa nini.

"Lilipigwa kwa wakati wake," Ekai akasema kitandani. "Mtoto alipiga vizuri. Mimi ndiye niliyekuwa nimelala. Akapiga tena karibu na asubuhi, ndipo nikaamka."

 Mama alikuwa bomani usiku ule, alikuwa na masikio, alikuwa amesikia debe likilia safari moja tu. Aliinamisha kichwa akaanza kukunja shuka iliyokuwa imeshakunjwa. Baba mdogo alitema mate sakafuni, karibu na mguu wa kitanda, akatoka. Baba alisimama kidogo, kisha naye akatoka.

Kwetu mlinzi aliyelala hana jina. Hatajwi kwenye nyimbo za rika lake, ng'ombe hapewi jina lake, mtoto hapewi jina lake. Ekai alilijua hilo kuliko mimi. Alikuwa amekaa macho malindo mawili mfululizo, na alikufa kama mtu aliyesinzia. Mchana wote alimwita baba. Aliita kwa sauti, halafu kwa pumzi, halafu kwa midomo tu. Baba alikuwa nje, chini ya mkoma, ameketi kwenye kigoda chake akiutazama ukuta, hatua thelathini kutoka kitandani, nilizipiga mwenyewe. Mara nne nilifika mlangoni nimwambie. Mara nne miguu ilikataa. Alasiri Ekai akanyamaza, na mama akamfunga kidevu kwa kitambaa cha kichwani mwake. Baba hakuingia hata hapo.

Miaka ilipita. Nilisomeshwa na watu wa kanisa, nikaolewa, nikazaa, nikapata hasira hizi mnazozijua. Katika ukoo wetu wametokea wavulana kumi na wawili tangu siku ile, na hakuna anayeitwa Ekai. Mama alitutoka bila kusema neno. Mwaka huu, baada ya lile teke la jenereta, sikupata usingizi siku tatu, nikaona liwalo na liwe. Nikapanda gari hadi Kakuma, nikamkuta baba ameketi nje ya nyumba, macho yameshaingia ukungu, anatafuna tumbaku. Nikamsalimu, nikakaa chini mbele yake.

"Baba, Ekai hakulala."

"Najua," akasema.

Alisema hivyo hivyo, kama mtu aliyeambiwa mvua imenyesha jana. Akageuza tumbaku shavu la pili.

"Waliomwona alfajiri ile waliniambia macho yake yalikuwa mekundu; aliyelala hawi hivyo. Na mama yako alikunja ile shuka mara tano. Nilimwona. Mimi si mjinga."

Nilimrukia kwa maneno. Nilimwambia yote niliyoyalimbikiza: kama ulijua, kwa nini ulikaa nje? Alikuita mchana kutwa! Alikufa akikuita, wewe unatazama ukuta! Nilimwita majina ambayo mtoto hamwiti mzazi. Watoto wa jirani walikuja kutuangalia.

Alingoja nimalize.

"Ekai hakujua kudanganya mtu machoni," akasema. "Ningeingia, ningemtazama, na baba yako mdogo, aliyekuwa bado hapo nje, angeona ninavyomtazama. Neno langu lilikuwa limeshatoka mbele ya watu. Ningekuua. Palepale hospitalini, mbele ya mama yako, ningekuua, wewe unanijua." Akatema. "Mmoja alikuwa anakwenda. Nilikuwa nimebaki na mmoja. Nikakaa nje."

 Akanyoosha mkono, akapapasa, akaupata uso wangu, akashuka nao hadi begani kama anayetafuta mahali. Kisha akainua fimbo yake akanipiga bega lile moja, kwa nguvu zote zilizobaki kwenye mkono wa mzee.

"Hiyo ni ya siku ile," akasema.

Iliuma hadi kwenye meno. Nililia pale miguuni pake, mtu mzima, mbele ya watoto wa watu, nikamwomba aongeze. Akasema moja inatosha.